Pua ya Mzee Gillard

Jumamosi, 6 Oktoba 1962. Brindlecott.

Nimenunua daftari hili kwa sababu nikiandika mikono yangu haitetemeki. Mambo mengine karibu yote huitetemesha: simu ya ofisini, mlango kubishwa ghafla, kuulizwa jina langu mbele ya watu. Naitwa Hester Vowles, nina miaka kumi na tisa, ni karani katika idara ya afya ya baraza la wilaya. Kazi yangu ni kuchapa barua ambazo mtu mwingine amezitunga. Naipenda. Shuleni nilishinda tuzo ya insha nikashindwa kupanda jukwaani kuichukua. Mama alipanda badala yangu, na kofia yake ya kanisani.

Tangu mwezi uliopita nimepanga chumba kwa Mzee Reuben Gillard, maili tatu kutoka ofisini kwa baiskeli. Ni mgane wa miaka sabini na minne. Maneno yake kwa siku hayazidi kumi, kwa hiyo tunaelewana. Nyumba yake ya mawe imezungukwa na mitufaha, na dari yote juu ya chumba changu imejaa matufaha yaliyolazwa juu ya majani makavu. Usiku yananukia hadi naota nimelala ndani ya tufaha, na kwamba mtu anagonga ganda kwa nje, polepole.

Jumapili, 14 Oktoba

Tumekamua matufaha ya kutengenezea sida, ile pombe ya matufaha. Wanaume wanne, farasi mmoja, nyigu wasio na idadi. Sikusema neno na hakuna aliyelihitaji.

Jumamosi, 20 Oktoba

Leo nimejua jambo ambalo sikutakiwa kulijua.

Nilishuka jikoni saa kumi jioni kwa sababu harufu ya maziwa yaliyoungua ilikuwa imepanda mpaka chumbani. Mzee Gillard alikuwa ameketi hatua moja kutoka jiko la makaa, anashona soksi, na nyuma yake maziwa yanafurika, yanageuka meusi, moshi umetanda mpaka kwenye saa ya ukutani. Niliruka nikaondoa sufuria. Aligeuka akaona. Akaniangalia mimi, akaiangalia sufuria, kisha akaweka soksi chini.

Alisema, "Basi umelijua."

Kisha akaongea zaidi kuliko nilivyomsikia akiongea tangu nihamie. Alipata homa ya mafua mwanzoni mwa Septemba. Homa iliondoka ikaenda na pua yake. Chai ni maji ya moto, vitunguu ni kitu kinachovunjika mdomoni. Hajamwambia mtu yeyote, hata daktari, kwa sababu mke wa daktari ana dada yake hapa kijijini, na dada huyo ana mdomo.

Sababu ya kuficha ni bakuli. Kila tarehe kumi na saba Januari, kijiji kizima huja kwenye shamba lake, kwenye mtufaha mkongwe kuliko yote, ule unaoitwa Babu. Wanauimbia ili uzae mwaka unaokuja, wanaweka kwenye matawi yake mkate uliochovywa katika sida, na wanakunywa sida ya moto yenye ramu kutoka kwenye bakuli moja la mbao. Kwa miaka arobaini na mmoja anayeitengeneza sida hiyo ni Reuben Gillard. Mtengenezaji hunywa kikombe cha kwanza mbele ya watu wote, kisha husema neno moja tu: "Imekubali." Kabla ya neno hilo hakuna anayenyanyua kikombe.

"Asiyeonja hawezi kulisema," akaniambia. "Atakuwa anadanganya, na Babu anajua. Na Clifford Hembrow akijua, basi. Ameshasema kwenye kamati kwamba mwaka huu tununue ya chupa, tuipashe, kazi iishe."

Aliinyanyua soksi yake, akaitazama kama imeandikwa kitu.

"Wewe una pua?" akaniuliza.

Nikasema ninayo.

Jumamosi, 27 Oktoba

Jaribio la kwanza, katika sufuria ndogo ya enameli ya maziwa (niliisugua kwa majivu). Alivuta sida ya mwaka jana kutoka pipa la pembeni, rangi yake kama chai ya rangi iliyosahauliwa dirishani. Alinituma kuleta upawa. Umetundikwa kwenye msumari juu ya jiko, juu sana kwangu, nilipanda kigoda.

Alitia sukari ya kahawia, ganda la chungwa, kijiti cha mdalasini, karafuu. Alitia kwa mkono, bila kupima, na nilipotoa penseli mfukoni alinikataza.

"Ukiandika kipimo, ulimi unalala."

Kwa hiyo vipimo sitaviandika, hata humu. Lakini hili hakulikataza, kwa hiyo naliandika: sida haichemshwi. Unakaa nayo kama unavyokaa na mgonjwa. Alinionyesha ukingoni, pale inapokutana na sufuria, jinsi ngozi yake inavyotetemeka. "Hapo hapo. Ikiacha kutetemeka ikaanza kurukaruka, umeiua." Ramu hutiwa mwisho, sufuria ikishaondolewa motoni, la sivyo nguvu yake yote inakwenda darini kulewesha panya.

Kisha akauliza inanukaje. Nikasema ni nzuri.

"Nzuri ndiyo nini? Hata buti mpya ni nzuri. Mimi sina pua, binti. Nipe kitu cha kushika."

Sikuwa na kitu. Nilisimama na upawa mkononi, uso unawaka, mpaka sida ikapoa.

Jumamosi, 3 Novemba

Nimekwenda duka la Hembrow kununua karafuu. Anauza kila kitu, mbegu, misumari, makarai, viungo, na anaongea na kila mtu kana kwamba mtu huyo yuko ng'ambo ya mto. Ni mwenyekiti wa kamati na ndiye anayeshika funguo za ukumbi wa kijiji. Nilionyesha kopo kwa kidole.

"Karani!" akasema, duka zima likageuka. "Leo umeuleta ulimi, au umeuacha ofisini chini ya karatasi?"

Watu walicheka, si kwa ubaya. Nililipa nikatoka bila chenji. Simpendi mtu huyu.

Kopo limeandikwa Zanzibar. Mzee Gillard alilishika muda mrefu. Anadhani ni kisiwa kilicho karibu na Uhindi. Nilimwambia kiko karibu na Afrika, na akaridhika vilevile, akasema popote kilipo lazima watu wake hulala vizuri.

Jumatano, 14 Novemba

Ukungu. Siku nzima nimechapa waraka kwa kumbi zote za vijiji: vyombo vya bati lililopakwa zinki visitumike kupikia wala kuwekea vitu vichachu, kwani uchachu hula zinki na kuwadhuru wanywaji. Nakala sitini na mbili. Mkuu wangu akasaini zote akasema hakuna mtu duniani anayesoma nyaraka zetu ila sisi wawili.

Jumamosi, 17 Novemba

Jaribio la tatu. Nilifumba macho kwa sababu nikimtazama nashindwa.

Nilimwambia, kwanza ni kama kuingia kwenye zizi ambalo nyasi zake zimekauka vizuri. Kisha kuna mtu amemenya chungwa chumba cha pili. Kisha chini kabisa kuna kitu cheusi, kama mlango wa zamani uliolowa mvua, na hicho kimezidi.

"Karafuu," akasema. "Nimetia mbili za ziada. Nilitaka kujua kama unanidanganya."

Nilipanda kulala nikiwa sina hasira hata kidogo. Nje ukungu ulikuwa umefika dirishani na kuegemea kioo. Sikumbuki mara ya mwisho mtu kuniuliza ninachohisi na kungoja jibu mpaka mwisho.

Jumamosi, 24 Novemba

Jaribio la nne. Baridi. Imekaribia.

Jumamosi, 1 Desemba

Ukungu, ukungu. Leo nimegonga mti kwa baiskeli na kuuomba radhi.

Jumamosi, 8 Desemba

Hembrow amekuja. Aliingia bila kubisha, akajaza jikoni, akaweka chupa ya ramu mezani. Akasema imetoka kwa binamu yake wa bandarini, anataka Mzee Gillard ainuse aseme kama inafaa kwa bakuli. Alisema kwa upole mno, na upole wake ndio uliniogopesha. Alikuwa amevuta kiti akaketi kumtazama mzee usoni.

Mzee Gillard alikuwa anamenya viazi. Hakuinua kichwa.

"Mikono yangu imejaa. Mpe karani."

Chupa ikaletwa kwangu. Niliinusa, kisha nikaionja kidogo. Nikasema ina harufu ya sukari iliyoungua na ngozi ya tandiko la farasi, na kwamba inafaa, ila itiwe kidogo kuliko ile ya mwaka jana.

Hembrow alinitazama, akamtazama mzee, akacheka peke yake. "Kumbe unaongea," akasema. Akaondoka akaiacha chupa.

Mzee Gillard alikuwa amekimenya kiazi kimoja mpaka kikabaki kama gololi.

Jumanne, 25 Desemba

Kwa mama. Bata, kanisa, maswali kuhusu kuolewa.

Jumatano, 26 Desemba

Nimerudi mchana. Theluji imeanza nikiwa njiani, vipande vizito visivyo na haraka.

Jumapili, 30 Desemba

Sijui niandike saa ngapi kwa sababu saa ya ukutani imesimama na hakuna kengele ya kanisa. Theluji iliyokuja na upepo jana imefunika madirisha ya chini. Jikoni mna mwanga wa samawati kama chini ya maji. Barabara hazipo tena. Hakuna ofisi, hakuna simu, na Mungu anisamehe, nina furaha.

Mzee Gillard alifungua mlango kwa koleo na tukaona shamba lote limezimwa sauti. Mitufaha imesimama mpaka magotini kwenye weupe, matawi yamebeba theluji kama wanawake waliobeba nguo zilizofuliwa. Babu yuko katikati, ameinama kuliko wote. Tulisimama pale mpaka vidole vya miguu vikafa ganzi.

Jioni tukajipashia sida ya watu wawili. Alichoma matufaha mawili juu ya makaa mpaka ngozi zikapasuka na nyama ikatoka kama povu, akayatumbukiza yakiwa bado yanalia. Akauliza inanukaje. Nilimwambia ni kama chumba ambacho mtu anayekupenda ametoka sasa hivi, na kiti chake bado kina joto.

Hapo ndipo aliponieleza kuhusu marehemu mkewe, Ada. Kumbe bakuli lilikuwa lake. Yeye ndiye aliyekuwa akitengeneza, na alimfundisha mzee wakiwa wachumba, jikoni humu humu. Tangu Septemba, akasema, kinachomuuma si chakula. Kila Januari akiinamia sufuria ile, kwa pumzi mbili au tatu, Ada alikuwa anaingia jikoni. Sasa anainama na hakuna anayeingia.

"Wewe unapoeleza," akasema, "naona mlango unafunguka kidogo."

Ijumaa, 4 Januari 1963

Nimefanya jambo baya.

Sufuria ya kupashia sida ya bakuli ni ile kubwa ya chuma iliyopakwa enameli ya bluu, galoni kumi, ya mama yake Ada. Hukaa kibandani mwaka mzima. Juzi nilitaka kumfurahisha. Niliitoa, nikaisugua nje ndani mpaka ikang'aa, na kwa kuwa madoa ya chini yaligoma, niliijaza maji pomoni iloweke. Nikaiacha kibandani.

Mimi, mtoto wa nchi hii, niliyefundishwa tangu utotoni kumwaga hata maji ya kuku kabla ya jua kuzama wakati wa baridi.

Asubuhi ya leo nilikuta maji yamekuwa jiwe moja jeupe, na sufuria imefunguka kutoka mdomoni hadi tako, ufa mmoja ulionyooka. Enameli ilikuwa imemwagika sakafuni vipande vipande, kama maganda ya mayai ya ndege.

Nilikaa kibandani mpaka alipokuja kunitafuta. Nilikuwa nimepanga maneno, yote yakakimbia. Nilionyesha kidole tu. Alipiga magoti, akapitisha kidole gumba kwenye ufa, juu mpaka chini. Kisha akanishika kiwiko akaniinua, ingawa yeye ndiye aliyekuwa amepiga magoti.

"Ingia ndani," akasema. "Midomo yako imekuwa ya bluu."

Afadhali angenipiga.

Jumamosi, 5 Januari

Hembrow amepita juu ya theluji akivuta sleji, kile kigari cha theluji kisicho na magurudumu, imebeba mafuta ya taa. Mzee Gillard akamwambia sufuria imepasuka kwa baridi. Kwa baridi tu, bila jina langu. Nilikuwa nyuma ya mlango. Hembrow akasema asiwe na wasiwasi, chombo atakileta yeye siku yenyewe, kikubwa, kipya. Akauliza kama tuna makaa ya kutosha. Nilitamani mlango uwe mnene zaidi.

Jumatano, 9 Januari

Theluji. Mkate umekwisha, Bi Thirza, mke wa Hembrow, ametuletea.

Jumamosi, 12 Januari

Jaribio la mwisho, kwenye sufuria ndogo. Nilifumba macho nikamwambia haipungui kitu wala haizidi kitu. Akaniuliza kama nina hakika. Nikasema nina hakika, na nikashangaa, kwani ni neno ambalo silitumii.

Mchana nilimwona Hembrow kwa mbali, na sleji yake, anatoka kwa mjane mmoja anaingia kwa mwingine. Kila nyumba aligonga, akasubiri, akatua mzigo, akachukua majivu ya jana akaenda kuyamwaga njiani ili wazee wasiteleze. Hakuwa na mtu wa kumsikia, kwa hiyo hakuwa akipiga kelele. Ningependa nisingemwona. Kumchukia kulikuwa kunanipa joto.

Jumatano, 16 Januari

Barabara ya mjini imefunguliwa upande mmoja na mkuu amenitumia ujumbe kesho nifike kazini bila kukosa. Mzee Gillard anasema niende. Atakoroga peke yake tangu mchana, anajua kila kitu nilichomwambia. Nikirudi nionje kabla ya watu kukusanyika, nimkonyeze, basi. Nitatembea. Nikiwahi kutoka saa tisa nitafika.

Ijumaa, 18 Januari. Asubuhi.

Naandika ya jana.

Sikutoka saa tisa. Kulikuwa na barua za wiki tatu. Nilitoka saa kumi na dakika arobaini na nikatembea maili tatu kati ya kuta za theluji zilizonipita urefu, giza linaingia, mwezi umeshika ukingo wa kilima. Nilipofika shambani kijiji kizima kilikuwa kimekusanyika chini ya Babu, taa za mafuta zimetundikwa matawini, bunduki nne zimeegemezwa begani tayari kufukuza pepo wabaya. Pumzi za watu zilipanda pamoja kama pumzi ya mnyama mmoja.

Moto ulikuwa katikati. Juu ya moto, badala ya sufuria ya bluu, palikuwa na karai la bati. Jipya, linameta, kubwa la kuogeshea mtoto.

Nilisimama. Nilisikia kichwani mwangu mlio wa taipureta yangu, mstari kwa mstari.

Nilipenya mpaka mbele. Mzee Gillard aliponiona uso wake ulilegea. Nilimwuliza kwa sauti ya chini imekaa humo tangu lini. Tangu saa saba, akasema, Clifford alilileta mwenyewe. Upawa ulikuwa mkononi mwake. Niliuchukua nikachota tone, nikaliweka ulimini.

Chungwa lilikuwepo. Zizi lilikuwepo. Halafu vyote vikafunikwa na kitu kikavu kilichokaza ulimi na kupanda hadi kwenye fizi, kama kulamba ufunguo. Nilitema kwenye theluji.

Lakini Hembrow alikuwa ameshaita watu wanyamaze, na bakuli la mbao lilikuwa limeshajazwa, na kikombe cha kwanza kilikuwa mkononi mwa Mzee Gillard. Nilimkonyeza, nilitikisa kichwa. Taa ilikuwa nyuma yangu na hakuniona. Alikipeleka kinywani. Watu mia na zaidi walimtazama. Nilijua kwamba angekunywa na asihisi kitu, kwamba angesema neno lile, kwamba wazee na watoto wangekunywa mpaka bakuli liishe na usiku huo wangejikunja kwa tumbo. Nilijua pia kwamba nikifungua mdomo nimemwaga siri yake mbele ya wote aliowaficha. Nilitetemeka kuanzia magotini. Nikakumbuka ukingo wa sufuria, ngozi ya sida ikitetemeka bila kurukaruka.

"Usinywe," nikasema. "Msinywe, mtu yeyote. Ina sumu ya bati."

Sauti haikuwa kubwa. Theluji iliibeba.

Hembrow alikuja juu. Karai ni jipya kabisa, akasema, limetoka dukani kwake leo leo, na mzee ndiye mwonjaji, na mzee hajasema kitu, kwa hiyo karani amepata wapi ujasiri wa kumsemea? Watu wakaanza kunong'ona. Nikaeleza: uchachu unakula zinki, tuliandika waraka Novemba, kila ukumbi ulipelekewa. Maneno yalitoka yakigongana.

"Waraka?" akasema Hembrow. "Ule wa karatasi ya njano?"

Nikasema ndiyo.

Aliutazama moto. "Ndio niliowashia huu," akasema, na kuna mtu nyuma akacheka akajizuia.

Wakati huo wote nilikuwa simtazami Mzee Gillard. Sasa nilimtazama. Aliinamisha kikombe, taratibu, mpaka sida yote ikaingia kwenye theluji na kuchimba shimo la rangi ya kahawia. Kisha akawageukia watu.

"Mimi sinusi kitu tangu Septemba," akasema. "Wala sionji. Nimewaficha kwa sababu ya kiburi. Huyu binti ndiye pua yangu. Akisema ni mbaya, ni mbaya."

Nilihisi ni lazima na mimi nimpe kitu, aliyebaki pale uchi mbele ya watu. Nikasema kwamba hata sufuria ya bluu niliipasua mimi, si baridi.

"Hilo tunalijua, mwanangu," akasema Bi Thirza Hembrow kutoka upande wa wanawake. "Baridi haijazi maji sufuria."

Kicheko kilianzia kwa wanawake kikazunguka mti mzima. Hembrow alichovya kidole karaini, akakilamba, akakunja uso, akatema. Alivaa glavu, akalishika karai kwa masikio yake mawili, akaenda nalo peke yake mpaka mtaroni mbali na mizizi, akalimwaga. Aliporudi, suruali yake imelowa, aliuliza sasa tutamnywesha nini Babu.

Pipa la pembeni lilikuwa bado na zaidi ya nusu. Bi Thirza ndiye aliyesema. Kila nyumba ina sufuria ya maziwa, ya enameli, nani hana? Basi wachukue sida baridi, kila mtu apashe kwake, warudi.

Sijui nitaieleza vipi saa iliyofuata. Taa zilishuka matawini zikatawanyika kijijini, moja moja, na madirisha yakawaka. Mzee Gillard alinishika mkono kwa sababu ya utelezi, mimi nikashika upawa, Hembrow akatangulia na koleo akitufungulia njia mpaka kila mlango. Tuliingia jikoni mwa nyumba ishirini na tatu. Kila nyumba sufuria ndogo, mtu ameinama juu yake, uso mwekundu. Niliinama nami, nikafumba macho, nikawaambia wote niliyokuwa namwambia yeye peke yake. Hapa chungwa limelala, liamshe. Hapa ni zizi tupu, ongeza mdalasini. Hapa, Bwana, umechemsha, anza upya. Katika kila nyumba Mzee Gillard alisimama kando yangu kichwa kimeinama, anasikiliza. Katika nyumba ya mwisho, ya Hembrow mwenyewe, nilikaa kimya muda mrefu mpaka Bi Thirza akaogopa. Nikasema kiti bado kina joto. Hakuna aliyeelewa ila mmoja, na aligeuka kutazama mlango.

Tukarudi. Msururu wa watu juu ya theluji, kila mtu na sufuria yake chini ya koti au chini ya shali, ikitoa mvuke kifuani. Zilimwagwa moja baada ya nyingine katika bakuli la mbao mpaka likajaa. Mzee Gillard alichota kikombe cha kwanza. Alikishika kwa mikono miwili kama alivyokishika miaka yote arobaini na mmoja, kisha akanipa mimi.

Nilikunywa. Ilikuwa na ladha ya nyumba ishirini na tatu, na hakuna hata moja iliyozidi nyingine.

"Imekubali," nikasema.

Bunduki zikapigwa, theluji ikamwagika kutoka matawi yote ya Babu ikatufunika sisi sote, na Hembrow, mweupe mpaka kwenye nyusi, akanyanyua kikombe chake kuelekea kwangu bila mzaha wowote.

Jumapili, 20 Januari

Theluji bado. Ufa wa sufuria ya bluu haushikiki, mhunzi amekataa. Mzee Gillard amepanda mche wa mtufaha ndani yake na kuiweka karibu na mlango.

Asubuhi nilitaka kupasha sida kidogo ya watu wawili. Niliburuta kigoda mpaka jikoni, nikapanda, nikanyoosha mkono, na msumari ulikuwa mtupu. Nilidhani upawa umesahaulika kwa Hembrow. Kisha nikashuka nikauona. Kuna msumari mpya, futi mbili chini ya ule wa zamani, usawa wa bega langu, na upawa umetundikwa hapo.

Nimekirudisha kigoda mahali pake.